Mkono wa Hyosaku

Niigata, 3 Julai 1968

Kaka Toyokichi,

Kabla hujaanza kulalamika kwamba sijaandika tangu mwaka mpya: kweli sijaandika, na wewe hujaandika, kwa hiyo tusianzie hapo. Mwambie wifi Shigeno mwani wake umefika salama na mume wangu anaula kama mtu aliyetoka kifungoni.

Sasa sikiliza. Unajua kwamba ukumbi huu ninaofanyia ukarani huleta wachezaji wa jadi kutoka vijijini kila mwaka. Safari hii nimepiga domo mpaka koo limenikauka. Nimewaambia, jamani, kisiwani kwetu Tobinose yupo Hyosaku, kikaragosi mjinga mwenye kichwa cha udongo, na kaka yangu ndiye anayemchezesha na kumsemea, tena kwa lugha ya kwetu ambayo hata mimi imeanza kunitoka. Kaka, wamekubali! Ni Oktoba, kwenye jukwaa kubwa. Nimerudi nyumbani peke yangu nikicheka barabarani.

Kuna mambo mawili madogo tu. Mwenyekiti wa kamati, Bwana Kusakabe, anaomba Hyosaku asikojoe mwishoni, kwa sababu wake za wakubwa watakaa mbele na kimono zao za hariri. Pia mafundi wa jukwaa wanataka kuliondoa pazia mnalochuchumaa nyuma yake. Wanasema siku hizi watu wanapenda kumwona anayecheza.

Najua utakavyonijibu. Nijibu kwa adabu, maana barua nitamsomea mwenyekiti.

Mdogo wako,
Mineko


Tobinose, 12 Julai

Mineko,

Msomee hivi. Hyosaku asipokojoa si Hyosaku, ni bonge la udongo lililovalishwa nguo. Watu wa huku hukaa mkekani tangu asubuhi wakivumilia michezo mizito ya mashujaa wanaojipasua matumbo. Unadhani wanangoja nini? Wanangoja kojo. Mke wa Ishimori alikaa mstari wa mbele miaka mingapi akitafuta mtoto? Akalowa mara moja tu, akapata mapacha. Hao wake za wakubwa wakilowa watashukuru, na wasiposhukuru wakae nyuma.

Tena Oktoba ni msimu wa ngisi. Mashua haiendi yenyewe.

Na hilo jukwaa lisilo na pazia, hapana. Mtu aje kuangalia makwapa yangu? Anayetazamwa ni Hyosaku.

Kwa hiyo waambie asante, tumeshiba. Shigeno anakusalimu. Anauliza kama mumeo bado anakoroma.

Toyokichi


Niigata, 1 Agosti

Kaka,

Nimeshinda!

Hujui nilivyohangaika. Nimekaa na wale wazee wa kamati vikao vitatu, mimi karani, mwanamke, mleta chai, ninawaeleza watu wenye tai kwa nini kikaragosi ni lazima akojoe. Mmoja aliniuliza kama haitoshi Hyosaku aonyeshe *dalili* ya kukojoa. Nikamwambia, bwana, wewe ukibanwa huwa unaishia kwenye dalili? Chumba kizima kikalipuka kwa kicheko, na Bwana Kusakabe akafuta miwani, akasema basi, akojoe. Watu wa mbele watapewa miavuli ya karatasi.

Ngisi nao nimewafikiria. Nimeomba mpangiwe mwisho wa mwezi, wakati mbaamwezi imekua, ngisi hawafuati taa, na ninyi hamwendi baharini. Unaona nisivyosahau mambo ya kwetu?

Pazia tu ndilo wamekataa katakata. Lakini kojo ndilo lilikuwa neno lako kubwa, na kojo umelipata. Andika kwamba unakuja, nipeleke jina lako likachapwe.

Mineko


Tobinose, 14 Agosti

Mineko,

Nimesoma. Umefanya kazi, sikatai.

Ila feri ya Oktoba unaijua, nami siku hizi tumbo langu haliwezi mawimbi. Tena Kurazo, mwenzangu anayechezesha mashujaa, ameng'oka meno mawili na hana raha, na kumwacha peke yake na michezo mizito si vizuri. Halafu udongo wa kichwa cha Hyosaku umekauka, nikimtikisa naogopa atapasuka. Na pazia wamekataa. Sasa bila pazia nitachezaje? Baba alicheza nyuma ya pazia, babu alicheza nyuma ya pazia, mimi ni nani?

Usinisukume, mdogo wangu. Tafuta wachezaji wengine. Kuna ngoma nzuri sana huko bara.

Toyokichi


Niigata, 28 Agosti

Kaka Toyokichi,

Tumbo lako! Wewe ulizaliwa kwenye mashua! Na tangu lini meno ya Kurazo yakawa shida yako? Mtu ambaye mnanuniana tangu shuleni!

Umenichosha. Nasema wazi, umenichosha hoi. Kila ninapovunja ukuta mmoja unajenga mwingine, na mimi ndiye ninayesimama mbele ya Bwana Kusakabe nikitabasamu kama mjinga. Wenzangu ofisini wamenipachika jina, Mama Kojo. Nimevumilia kwa ajili yako.

Unajua kwa nini nimelivalia njuga jambo hili? Nilipokuwa na miaka tisa nilimtoa Hyosaku sandukuni, nikamwinua juu, nikamfanya amwinamie paka. Ukacheka mpaka ukaanguka. Baba akaingia, akanizaba kofi, halafu akachukua chumvi akamsugua Hyosaku kila mahali mkono wangu ulipomgusa, eti nimemchafua. Nikaapa kwamba kama sitaruhusiwa kumshika, basi siku moja nitampeleka mahali ambapo hakuna mwanamume wa Tobinose aliyewahi kumfikisha. Ndiyo sababu yangu. Sasa unayo.

Kwa kuwa hutaki kuja, basi watakuja kwako. Nimeshapanga na mpiga picha wa ukumbi, kijana mmoja anaitwa Imaizumi. Atakuwa huko kwenye sikukuu ya hekalu ya Septemba. Nimemwambia asipige picha za mbele, kila mtu ameziona. Apite *nyuma* ya pazia, akupige wewe ukiwa kazini. Nimemwandikia pia Mzee Uchiyama, mkuu wa chama cha vikaragosi, naye amefurahi sana. Picha zitatundikwa hapa Oktoba, kubwa kama milango. Hapo huna la kupinga, huhitaji hata kuvaa viatu.

Mineko


Tobinose, 6 Septemba

Mineko,

Asije nyuma ya pazia. Apige za mbele, apige hekalu, apige kuku. Nyuma asije.

Ningekupigia simu, lakini simu iko posta, na posta yuko mke wa Kurazo. Linalopita sikioni mwake limepita kijiji kizima. Telegramu ndiyo kabisa. Kwa hiyo naandika, na nakuomba, mimi ambaye sikuombi kitu. Mzuie.

Toyokichi


Tobinose, 17 Septemba

Mineko,

Dhoruba imeishikilia feri bandarini, kwa hiyo barua yangu ya tarehe sita bado iko kwenye gunia, na hii nayo itaingia gunia hilohilo. Utazisoma pamoja. Haina maana tena. Mpiga picha wako alivuka kabla ya dhoruba, akafikia kwa Mzee Uchiyama, wakanywa sake mpaka siku ya sikukuu.

Utacheka au utalia, shauri yako. Nakuambia ilivyo.

Mwezi wa pili niliteleza kwenye gati, barafu ilikuwa imeganda, nikaangukia bega la kulia. Niliwaambia watu nimeteguka. Sikuteguka, bega limevunjika na limeunga vibaya. Mkono wangu haupandi kupita kifua. Bakuli naweza kushika, lakini Hyosaku nimnyanyue juu ya kichwa mchezo mzima, siwezi, nimejaribu mpaka nimetoa machozi chumbani kama mtoto. Chama kikijua, kitampa Kurazo. Ndiyo kanuni. Kurazo, ambaye mkono wake ni kijiti cha kuning'inizia ngisi!

Hyosaku huchezwa peke yake, kati ya mchezo mzito na mwingine, wakati wenzetu wote wamekwenda kula. Nyuma ya pazia nabaki mimi, na Shigeno anayeniletea birika la maji ya kojo. Mke wa mchezaji ndiye huleta maji, hakuna anayeuliza. Basi sikukuu ya Aprili yeye ndiye aliyemnyanyua. Mimi nasema, yeye anachezesha. Amenitazama miaka ishirini na sita akiwa na birika mkononi, Mineko. Aliingiza mkono kwenye nguo za Hyosaku na Hyosaku akapiga chafya. Sikumfundisha ile chafya. Nilishindwa kusema neno langu kwa kicheko.

Juzi, sikukuu yenyewe, tulikuwa katikati ya mchezo. Mzee Uchiyama, kwa kumheshimu mgeni, akaja mwenyewe, akalifunua pazia la nyuma wazi kabisa. "Karibu, ndugu mpiga picha, huyu ndiye Toyokichi wetu." Na pale alikuwa Shigeno amepiga magoti, mikono juu, jasho linamtiririka, mimi nimekaa pembeni na birika. Yule kijana akapiga picha. Mwanga wa kamera ukamulika kila kitu.

Shigeno hakushusha mkono. Alimaliza mchezo mpaka kojo la mwisho, watu mbele wanacheka, hawajui lolote. Halafu akamlaza Hyosaku sandukuni, akarudi nyumbani kwa njia ya shambani.

Asante kwa zawadi yako. Chama kinakutana kesho.

Toyokichi


Niigata, 24 Septemba

Kaka,

Barua zako mbili zimefika asubuhi moja. Nimezisoma nimesimama mlangoni, nikazirudia nimekaa.

Pole ya bega. Nisamehe kwa Imaizumi. Nimemnyang'anya ile picha pamoja na filamu yake, hakuna atakayeiona. Lakini nina hasira na siwezi kuzimeza. Ulikuwa na mdomo, ulikuwa na kalamu, ungeniandikia tangu Julai, "Mineko, mkono umevunjika." Mstari mmoja! Badala yake umeniletea meno ya Kurazo. Nimegombana na kamati nzima juu ya kojo, na kojo halikuwa na kosa lolote!

Na kuna lingine. Mimi nilipigwa kofi. Wewe ulikuwepo, na ulipokua ukaja kukaa kwenye kile chama, ukaona kanuni ya mwanamke asimguse Hyosaku ni sawa tu, mpaka siku ilipokufaa. Shigeno ameruhusiwa mahali pasipoonekana. Mwanga ulipowaka ndipo mkakumbuka kwamba ni mwanamke.

Nimetafuta katika barua zako zote. Hujaniandikia hata neno moja alilosema yeye. Shigeno anasemaje?

Mineko


Tobinose, 5 Oktoba

Mineko,

Hasemi. Nimemuuliza, akasema supu inapoa.

Chama kimekaa. Kurazo alisema mengi na kwa sauti, ule mdomo bila meno ukamwaga mate kila mahali. Walitaka kunitoa kabisa. Mzee Uchiyama akatafuta njia ya katikati: hakuna mwingine anayeweza kumsemea Hyosaku kwa lugha yetu, kwa hiyo sauti ibaki yangu, na mkono uwe wa Kurazo. Tutaanza sikukuu ya mavuno, Novemba.

Nikakubali.

Usinipigie kelele, nakusikia mpaka huku. Ningefanyaje? Ningesema hapana, na Hyosaku angekuwa bubu mbele ya watu, miaka yote hiyo ya wazee wetu ikaishia mikononi mwangu. Nilitoa neno palepale kabla sijarudi nyumbani. Sikumuuliza kwanza, hilo najua.

Waliingia kwetu kumchukua Hyosaku. Shigeno alikuwa amefua nguo zake na kuzipiga pasi. Akawakabidhi. Walimsugua chumvi pale pale ukumbini petu, yeye akiwa anatazama, kisha akawafungulia mlango.

Toyokichi


Niigata, 11 Oktoba

Wifi Shigeno,

Hii ni yako, asiifungue mwingine.

Kaka ameniambia. Nimekaa na kalamu kutwa nzima nikitafuta namna ya kukuomba radhi na sikuipata. Nilitaka kumtoa Hyosaku kisiwani, nimekutoa wewe kwa Hyosaku. Sikujua. Najua kutojua hakukusaidii.

Njoo ukae kwangu. Kitanda kipo, mume wangu anakoroma lakini mlango ni mzito. Ukae hata majira yote ya baridi. Hizo sikukuu zao wazifanye wenyewe, na maji ya kojo wajibebee.

Niambie hata kwamba umekasirika. Nitaona afadhali.

Mineko


Tobinose, 24 Novemba

Mineko,

Shigeno amekataa kuja, utakuwa umeshaelewa. Alisema nani atavuna figili.

Jana ilikuwa sikukuu ya mavuno. Nakuandikia wewe kwa sababu hakuna mwingine ninayeweza kumwambia, na ukimwandikia Shigeno neno lolote kuhusu hili sitakusemesha mpaka nife.

Nilikaa nyuma ya pazia na Kurazo. Alimnyanyua Hyosaku kama mtu anayeanika shati. Mimi nasema, yeye anachelewa. Nikasema "Lo, nani amelala kitandani mwangu!" na Hyosaku akaanza kugeuka wakati mimi nimeshafika kwenye neno la tatu. Chafya hakuna. Kuinama kwake ni kama bawaba imekwama. Moyoni nikasema, sawa, sasa watanyamaza. Watanyamaza, na Uchiyama atasikia kimya hicho, na atajua alichokifanya.

Mineko, walicheka.

Walicheka vilevile! Wazee walipigana migongoni. Mke wa Ishimori alikuwa anafuta machozi. Kojo lilipotoka, Kurazo alilimwaga hovyo, likaenda pembeni kwa mbwa, na watu wakacheka zaidi ya mwaka jana. Hakuna hata mmoja aliyejua tofauti. Nilikaa pale nimeshika magoti yangu nikitamani kuwatukana wote.

Nikarudi nyumbani. Shigeno alikuwa jikoni, hakuhudhuria. Akaniuliza bila kugeuka, "Walicheka?"

Nikamwambia hawakucheka. Nikamwambia palikuwa kimya mpaka nikasikia mvua juu ya paa la hekalu, kwamba watu walikuwa wanatazamana, na mwanamke mmoja alisema kwa sauti, Hyosaku anaumwa nini leo? Nilitunga yote hayo nimesimama na viatu. Sijawahi kumdanganya mke wangu kwa raha namna ile.

Alikula mabakuli mawili ya wali, Mineko, tangu Septemba alikuwa halimalizi hata moja. Alilala usingizi mzito.

Basi ndiyo hivyo. Usiniharibie.

Toyokichi


Tobinose, 25 Novemba

Wifi Mineko,

Nisamehe kwa kukawia. Kuandika si kazi yangu, na sikuwa na la kuandika.

Uliniuliza kama nimekasirika nawe. Hapana. Yule kijana wako angekuja au asingekuja, bega la kaka yako lisingepona, na siku moja mtu angetafuta choo akapita nyuma ya pazia. Miezi ile mitano na Hyosaku nilikuwa nayo. Wewe hukuninyang'anya.

Lakini hasira ninayo. Nakwambia kwa sababu uliomba. Si kwa Kurazo, wala si kwa Mzee Uchiyama na chumvi yake. Kaka yako alikubali hukohuko chamani, akaja kuniambia kama anavyoniambia bei ya ngisi. Hilo bado limenikaa hapa kooni.

Juzi ilikuwa sikukuu, sikwenda. Unakumbuka nyumba yetu ilipo, chini tu ya hekalu. Madirisha nilikuwa nimeyafunga. Nikasikia kila kitu, wifi. Niliposikia sauti ya kaka yako inasema "nani amelala kitandani mwangu" mkono wangu ukapanda wenyewe juu ya sufuria, nikaushusha. Halafu wakacheka. Walicheka sana, vigae vilitikisika. Nami nilidhani angalau hawatacheka.

Kaka yako akaingia, uso umemvimba, akaniambia watu walikuwa kimya kabisa, na mvua ilisikika juu ya paa. Juzi hapakuwa na mvua. Alisimama na viatu kwenye mkeka, miaka yote hii sijamwona akikanyaga mkeka na viatu, anatunga uongo, anaongeza, anaongeza, na ule mkono mbovu anaupunga kuonyesha watu walivyokuwa wanatazamana.

Nilijipakulia bakuli la pili ili aone nimeamini. Wali ulikuwa haushuki, nikaushusha kwa chai. Usiku nikajilaza kimya, nisigeuke, mpaka niliposikia yeye amelala.

Usimwambie kwamba nilisikia.

Shigeno